Fainali ya 1988 na makocha watatu

Mpira wa tenisi ulinipata kisogoni, juu kidogo ya sikio la kushoto, Jumamosi moja ya Februari. Aliyeupiga ni mwenzangu mwenyewe. Nilikuwa nimesimama karibu na wavu, na kazi yangu pale ni kutazama mbele tu, lakini sevu yake ya kwanza, ule mpira wa kuanzisha pointi, ilikuwa imeruka ikaishia kwenye ua wa michongoma, nami nikageuka kuona kama ya pili itaingia. Ikanijia mimi. Yeye alicheka mpaka akakaa chini. Mimi nilinuna mpaka jioni.

Sisi ni walimu wa shule ya msingi hapa Nakuru, na huu ni mwaka wa tisa tunacheza pamoja, kwenye kiwanja cha saruji chenye ufa unaotoka mstari wa nyuma hadi karibu na wavu. Mpira ukigonga ule ufa, hakuna ajuaye utaelekea wapi, kwa hiyo tulishakubaliana na kila anayekuja kucheza nasi kwamba pointi hiyo inarudiwa. Mipira tunaitumia mpaka inyonyoke manyoya. Mara mbili kwa mwaka tunaingia mashindano ya klabu za jirani, na mara mbili kwa mwaka tunarudi nyumbani mapema.

Siku ile, baada ya kisogo changu, tulipoteza gemu nne mfululizo. Nikamwambia neno ambalo mtu hamwambii mwenzake: kwamba naibeba mechi peke yangu. Hakunijibu. Aliokota mipira, akaihesabu, akaitia kwenye mkebe wake, akaenda zake.

Usiku, kitambaa cha barafu kikiwa kisogoni, nilifanya ninalofanya kila nikiwa na hasira. Nilitazama tenisi ya zamani kwenye simu.

Tabia hiyo niliianza Julai 2022, siku Angella Okutoyi wetu alipotwaa taji la wasichana la wawili wawili, yaani jozi dhidi ya jozi, kule Wimbledon, akiwa na Mholanzi Rose Marie Nijkamp. Walipoteza seti ya kwanza 3-6, wakachukua ya pili 6-4, halafu wakamaliza kwa pointi 11-9 dhidi ya Wakanada Kayla Cross na Victoria Mboko. (Mboko, kama jina lake linavyojisema, wazazi wake wametoka Kongo. Huyo naye mambo yake yamekuwa makubwa tangu wakati huo.) Hakuna Mkenya aliyekuwa amewahi kubeba taji la vijana la Grand Slam, yale mashindano manne makubwa ya tenisi. Nakumbuka kwenye chumba cha walimu mtu mmoja aliuliza, "Lakini ni ya wawili, si ndiyo?" Kwa sauti ile ya mtu anayetaka kujua kama ng'ombe aliyenunuliwa ni mzima au ni nusu.

Lile swali lilinichoma kuliko lilivyostahili. Tangu hapo nikawa natafuta wanawake waliojenga maisha yao yote ndani ya ile "nusu", na hakuna niliyemrudia mara nyingi kama Gigi Fernández.

Alizaliwa San Juan, Puerto Rico, mwaka 1964. Alipata ufadhili wa kucheza na kusoma katika chuo cha Clemson, South Carolina, akakaa mwaka mmoja tu. Katika mwaka huo mmoja alifika fainali ya mmoja mmoja ya vyuo vyote vya Marekani, 1983, akashindwa, kisha akaaga masomo akaingia kwenye tenisi ya kulipwa. Mpaka anastaafu mwaka 1997 alikuwa na mataji 17 ya Grand Slam ya wanawake wawili wawili na medali mbili za dhahabu za Olimpiki. Mataji yote ya wawili wawili ukiyajumlisha ni 69. Ya mmoja mmoja ni mawili.

Si kwamba hakuweza kucheza peke yake. Alishawahi kuwa wa 17 duniani. Mwaka 1994, akiwa ameporomoka hadi nafasi ya 99, alifika nusu fainali ya Wimbledon, na aliyemzuia pale alikuwa Martina Navratilova, mtu ambaye miaka minne kabla walikuwa wamebeba pamoja taji la US Open. Hivyo ndivyo dunia ya wawili wawili ilivyo: aliyekuwa mgongoni pako leo, kesho yuko ng'ambo ya wavu, na udhaifu wako wote anaujua.

Lakini video niliyoitazama usiku ule ilikuwa ya kabla ya hayo yote: fainali ya US Open ya 1988, taji lake la kwanza kubwa. Mwaka ule kila jicho lilikuwa kwa Steffi Graf, aliyekuwa akikusanya kila kitu. Wanne hawa walicheza kivulini mwake. Upande huu Gigi na Robin White. Upande ule Patty Fendick, Mmarekani, na Jill Hetherington, Mkanada. Gigi na White walishinda 6-4, 6-1, na kama unatafuta mechi ya kukufanya usahau maumivu ya kichwa, si hii. Seti ya pili ilikuwa maji tu.

Kilichonikalisha macho ni nilichokijua kuhusu watu wale. Fendick, aliyekuwa bingwa wa vyuo wa mmoja mmoja mara mbili mfululizo akiwa Stanford, 1986 na 1987, alikuja kuwa kocha mkuu wa wanawake wa Chuo Kikuu cha Washington, Seattle, na baadaye wa Texas. Hetherington, aliyesoma Florida, alikuja kukalia kiti kile kile cha Seattle baada ya Fendick. Na Gigi akaja kuwa kocha wa Chuo Kikuu cha South Florida, Tampa. Watu wanne uwanjani, watatu wakaishia kufundisha wasichana wa vyuo. Nikawa nasimamisha video na kuwatazama nyuso, kama mtu anayetazama picha ya darasa ya zamani akitafuta nani alikuja kuwa nani.

Je, ilikuwa bahati tu? Mimi sidhani, na sababu yangu iko kwenye kitabu cha sheria.

Wakati wao, mchezaji wa kulipwa akishaingia uwanjani kwenye mashindano makubwa, kocha hakuruhusiwa kumwambia neno. Alikaa kwenye viti na watazamaji, mikono mapajani, na akikuna sikio kwa namna ya kutia shaka mwamuzi angeweza kumwadhibu mchezaji wake. Sheria hiyo imelegezwa juzi juzi tu. Ni kuanzia 2025 ndipo Shirikisho la Kimataifa la Tenisi liliporuhusu maelekezo kutoka nje ya uwanja kwa ujumla. Wakati wao, aliyecheza peke yake alikuwa peke yake kweli. Isipokuwa wale wa wawili wawili. Wao walikuwa na mtu mmoja duniani aliyeruhusiwa kuwasemesha katikati ya mechi, na mtu huyo alikuwa amesimama hatua sita kando, akitokwa jasho lile lile, akiwa amekosea mpira ule ule.

Yaani kwa miaka kumi na zaidi, kila baada ya pointi, Gigi Fernández alikuwa akifundisha na kufundishwa. Tazama video yoyote ya zamani: pointi inaisha, wanasogeleana, mdomo unafunikwa kwa mpira, maneno matano, wanaachana. Zidisha pointi za mechi kwa mechi za mwaka kwa miaka. Hakuna shule ya ukocha yenye saa nyingi za mazoezi kama hizo.

Na maneno hayo matano yanasema nini? Hapa niwape hesabu kidogo, maana watu hudhani mchezo wa wawili ni mchezo wa mmoja uliogawanywa. Kiwanja cha mmoja mmoja kina upana wa mita 8.23. Wakiingia wawili wawili, njia mbili za pembeni zinafunguliwa, mita 1.37 kila moja, na upana unafika mita 10.97. Watu wameongezeka maradufu, ardhi imeongezeka theluthi moja tu. Kwa hiyo nafasi za wazi ni chache, na pale panapoumiza ni katikati, kati ya watu wawili, ambapo kila mmoja anaweza kuufikia mpira na kila mmoja anadhani ni wa mwenzake. Wavu nao unawasaidia wenye hila: kwenye nguzo una sentimita 107, katikati umelegea hadi 91. Njia fupi na ya chini kabisa ya kuwaangamiza watu wawili inapita kwenye pengo lililo kati yao. Mechi nyingi mno nimezipoteza hapo, wote wawili tukiutazama mpira ukipita kama wageni wanaokaribishana mlangoni, tafadhali tangulia, hapana, tangulia wewe.

Mchezaji wa wavuni humaliza hilo kwa kuashiria nyuma ya mgongo kabla ya sevu: ngumi, nabaki, kiganja wazi, navuka. Aliye nyuma anaona, anachagua sevu inayofaa, anajiandaa kuziba upande utakaoachwa. Wa mbele hageuki. Hahitaji kuona sevu, atasoma kila kitu usoni mwa mpokeaji. (Mimi hili nimelijua miaka tisa. Kisogo changu ndicho hakikulijua.)

Mwaka 1992 ndipo Gigi alipompata Natasha Zvereva wa Minsk, mdogo wake kwa miaka saba. Zvereva alikuwa na jeraha lake: mwaka 1988, akiwa msichana wa miaka 17, alifika fainali ya French Open ya mmoja mmoja na Graf akamfunga 6-0, 6-0, kama nusu saa hivi mchezo umekwisha. Mwaka uliofuata alisimama hadharani kulalamikia wakuu wa michezo wa Kisovieti waliokuwa wakichukua fedha zake za ushindi. Mtu wa aina hiyo humpi amri. Gigi naye hasira zake uwanjani zilijulikana. Raketi zake hazikufa kifo cha uzee. Ungewaweka hawa wawili kwenye karatasi ungesema watagombana kabla ya chai ya saa nne. Wakashinda Grand Slam sita mfululizo, kuanzia French Open ya 1992 mpaka Wimbledon ya 1993. Kwa jumla pamoja walibeba 14.

Ukiwatazama utaona kitu kidogo ambacho hakimo kwenye rekodi yoyote. Zvereva akikosea mpira wa kijinga, Gigi huyu mwenye hasira hamtazami. Anageukia nyuzi za raketi yake, anazipanga kwa kucha, moja moja, mpaka mwenzake awe amerudi mahali pake. Ndipo anainua macho. Akikosea yeye mwenyewe, ndiyo, hapo mbingu inasikia.

Nilirudisha kipande hicho mara tatu, na kila mara nilisikia sauti yangu ya mchana.

Kuhusu Barcelona 1992, wengine wanajua zaidi upande wa siasa kuliko wa tenisi. Puerto Rico iko chini ya Marekani tangu 1898, wenyeji wake ni raia wa Marekani, lakini ina kamati yake ya Olimpiki na bendera yake inapita uwanjani peke yake. Gigi aliwahi kuichezea Puerto Rico kwenye michezo ya kanda. Olimpiki ilipofika akachagua Marekani, kwa sababu ambayo mchezaji yeyote wa wawili wawili anaielewa bila kuelezwa: kule alikuwepo mwenza wa kiwango chake, Mary Joe Fernández, mzaliwa wa Jamhuri ya Dominika (hawana udugu, majina tu yamegongana). Wawili hao waliwafunga Arantxa Sánchez Vicario na Conchita Martínez, Wahispania, nyumbani kwao, 7-5, 2-6, 6-2. Wakarudia dhahabu Atlanta 1996. Kwao kisiwani wapo waliomsamehe na wapo ambao hawakumsamehe, na mcheza tenisi Monica Puig aliposhinda dhahabu ya kwanza kabisa kwa bendera ya Puerto Rico huko Rio mwaka 2016, ubishi wa nani hasa ni wa kwanza ukafufuka upya.

Mtu wa Zanzibar hahitaji nimfafanulie ubishi huu. Timu ya soka inayocheza CECAFA kwa jina lake, ikakaribishwa na shirikisho la soka la Afrika mwezi Machi 2017, na kufika Julai ikaambiwa hapana, ninyi si nchi. Mimi nilipata kumhukumu Gigi mwanzoni. Siku hizi najiuliza swali dogo zaidi: kama huna wa kucheza naye nyumbani, unafanyaje? Mchezo wa riadha ungemruhusu kukimbia peke yake na bendera yake. Wa wawili haumruhusu.

Mwaka wa mwisho, 1997, alibeba French Open na Wimbledon na Zvereva. Kwenye fainali ya Paris, mmoja wa waliokuwa ng'ambo ya wavu ni Mary Joe. Wakafika fainali ya US Open pia, taji la 18 likiwa mbele ya macho, Lindsay Davenport na Jana Novotná wakawafunga. Akaweka raketi chini.

Tampa ndiko ninakokutaka ufike nami. Mwanamke mwenye mataji 17 anakwenda kufundisha timu ya chuo ambayo si Stanford wala Florida, na wakati huo huo anarudi darasani kumaliza ile shahada aliyoiacha Clemson. Aliipata South Florida mwaka 2003, ya saikolojia, akiwa na miaka 39. Nikiwa mwalimu, hili linanifurahisha kuliko Wimbledon zote nne. Hebu mfikirie kocha anayewaambia wasichana wake wasikose vipindi, halafu naye anainua begi kwenda kwenye kipindi chake.

Tenisi ya vyuo vya Marekani ina muundo ambao ungedhani umetungwa na mtu aliyewahi kudharauliwa kwa kucheza wawili wawili. Timu mbili zikikutana, pointi za kugombewa ni 7. Sita ni za mmoja mmoja. Ya saba ni ya wawili wawili, na kwa kawaida ndiyo inayotangulia: jozi tatu kila upande, viwanja vitatu kwa wakati mmoja, wanaoshinda viwili ndio wanaoondoka na pointi. Zamani walicheza hadi gemu 8, siku hizi ni seti moja ya gemu 6, dakika thelathini au arobaini umemaliza. Timu iliyoshika pointi hiyo inaingia kwenye zile sita ikihitaji tatu tu. Iliyoikosa inahitaji nne. Ni kama kuanza kupanda mlima mwenzako akiwa amekwisha kupita mto.

Na kule kocha anaruhusiwa kusema. Anatembea kutoka kiwanja hadi kiwanja, anaegemea ua, anaingia kwenye benchi wachezaji wakibadilishana pande. Mtu aliyezoea kupewa nafasi ya maneno matano sasa ana nafasi ya sentensi nzima. Nadhani ni hapo makocha wengi waliokuwa nyota wa mmoja mmoja hujikwaa: wanamweleza msichana mambo kumi na mawili. Aliyekulia kwenye wawili wawili anajua kwamba kati ya pointi na pointi kichwa cha mtu kina nafasi ya jambo moja, na mara nyingi si jambo la ufundi.

Kisha kuna kazi ya kupanga jozi. Wasichana wanane au kumi, mmoja ametoka Brazili, mwingine Ujerumani, mwingine mtaa wa pili, kila mmoja amelelewa kucheza peke yake tangu utotoni kwa sababu peke yake ndiko kuliko na pesa na sifa. Unawachukua wawili waliokutana mwezi Agosti na unawaambia ifikapo Januari wawe wameaminiana kiasi cha kutogeuka nyuma. Huwezi kuwapanga kwa ubora tu. Wapiga sevu wawili wenye hasira ni msiba. Wapole wawili watakaribishana katikati mpaka mechi iishe.

Okutoyi naye alipita mlango huo huo. Baada ya Wimbledon alikwenda Chuo Kikuu cha Auburn, Alabama, na kwenye Michezo ya Afrika ya Accra, Machi 2024, alishinda dhahabu ya mmoja mmoja. Nakuru hapa wapo wazazi wanaodhani kwenda chuo ni kukata tamaa na tenisi ya kulipwa. Mzazi mmoja aliniambia hivyo na binti yake amesimama pale pale, raketi mkononi. Nilimtajia Fendick, Stanford. Akaniuliza Fendick ni nani. Nikamtajia fainali ya 1988. Hakuwa na muda.

Gigi aliingizwa kwenye Jumba la Heshima la tenisi mwaka 2010. Hakuingia peke yake. Waliingia pamoja, yeye na Zvereva, siku moja. Tampa alikuwa ameshaondoka. Tangu hapo amejikita kufundisha watu wazima wa kawaida, wa klabu, wenye magoti mabovu, namna ya kucheza wawili wawili. Yaani watu kama mimi.

Nilikaa siku nne bila kumpigia mwenzangu. Shuleni tulipishana kwenye korido, "Mwalimu," "Mwalimu," basi. Jumatano, saa ya chakula, alikuwa amekaa peke yake chini ya mjakaranda, anasahihisha madaftari. Nilisimama mbele yake. Nilikuwa nimepanga maneno mengi, kuhusu Zvereva, kuhusu nyuzi za raketi, kuhusu mita 10.97. Nikakumbuka nafasi ni ya jambo moja.

"Dada, nisamehe. Sikubebi. Tunabebana."

Alisahihisha hesabu mbili zaidi kwa kalamu nyekundu kabla ya kuinua macho.

"Jumamosi saa kumi," akasema. "Na uje na helmeti."